Isack Hakutumwa Chumvi

"Kaka Castory, Isack ni nani?"

Nilimuuliza hivyo nikiwa darasa la nne, mbele ya shule nzima, siku ya mahafali ya darasa la saba pale Kumsenga. Mwalimu mkuu alikuwa amesema mwenye swali kwa mgeni wetu anyooshe mkono, na mimi mkono wangu huwa haukai chini. Baba ni mwalimu, na hatukuwa na muda mrefu tangu ahamishiwe Kibondo kutoka Korogwe, kwa hiyo mambo mengi ambayo wenzangu walizaliwa nayo mimi nilikuwa siyajui.

Mgeni mwenyewe alikuwa mtoto wa hapo hapo Kumsenga. Ndiyo kwanza alikuwa ametoka Dar es Salaam, kwenye jukwaa la vichekesho, na video yake ilikuwa kwenye simu za walimu wote. Siku ile alikuwa amejifunga kitenge kiunoni na kingine kichwani, akiigiza Bi Mwakeye, yule bibi wa Kiha anayesalimia bila kumaliza. Bi Mwakeye akishasalimia watu, mbuzi, jenereta na mgeni rasmi, hugeuka taratibu na kuuliza kwa sauti ya kutetemeka, "Na Isack mmemwona?" Hapo watu hawana mbavu. Ndiyo maana nikauliza.

Macho ya Castory yalikwenda nyuma, kwenye turubai walikokaa wazazi, yakarudi kwangu. Kisha akainama, akapiga makofi ya Bi Mwakeye, yale ya viganja vilivyopinda.

"Isack? Yoo, mwana wanje, mwanangu wee! Nilimtuma chumvi. Mboga imechacha, yeye bado yuko dukani!"

Mwalimu wa nidhamu, ambaye hatukuwahi kuyaona meno yake, alishikilia nguzo ya turubai asianguke. Na mimi nilicheka, ingawa nilijua sijajibiwa.

Nyuma kule kwenye turubai alikuwa amekaa mama mmoja muuza unga wa muhogo, jina lake Valeria. Isack ni mtoto wake.

Hilo nililijua baadaye sana, lakini mama Valeria mwenyewe nilikuwa nimeshamwona mara nyingi, kwa kuwa alituletea unga nyumbani. Mara ya kwanza alipokuja mimi nilikuwa shuleni, ni mama yangu aliyenisimulia baadaye. Mama alimwamkia, "Shikamoo," akadhani yameisha, maana kwetu Korogwe ukishaitikiwa marahaba unaendelea na safari. Mama Valeria alitua kapu chini. Akainama kidogo, akapiga makofi laini kama mtu anayekung'uta unga mikononi, akamshika mama kiwiko. "Mwakeye!" Ndiyo salamu ya Kiha, mama akaambiwa naye aitikie hivyo hivyo. Basi ikaanza. Mmelalaje? Watoto? Baba yao? Yule wa mwisho aliyekuwa na kikohozi? Kule mlikotoka, wazee wapo? Mvua imenyesha? Na mama ilimbidi amuulize yeye vile vile, migomba, goti lake, kuku aliyeatamia. Unga ulipimwa baadaye kabisa.

Mwisho wa yote akauliza, "Na Isack mmemwona?"

"Isack yupi, mama?" mama alisema.

"Mwanangu. Alikwenda kwenye dhahabu. Ninyi mmetoka mbali, nikasema labda mmepishana naye njiani."

Alikuwa haulizi kwa kuwehuka, wala kwa mazoea. Siku za gulio Kumsenga hupita watu wa kila upande: wafanyabiashara wa Kasulu, wanunuzi wa maharage kutoka Kakonko, madereva, watu wa asali, hata Warundi. Kwa desturi ya Waha, ukimsalimia mtu lazima akujibu, na ukimuuliza habari za aliowaona hawezi kukuruka. Kwa hiyo mama Valeria alikuwa anawapitisha wote kwenye salamu yake, mmoja mmoja, na wale waliomzoea walikuwa wanabeba swali lake mpaka huko waendako. Siku moja, kabla sisi hatujafika, lilirudi na jibu: dereva mmoja alisema kijana wake yupo machimboni, mzima, anasema hatarudi mikono mitupu. Namba ya simu aliyoacha nyumbani ilikuwa imekufa zamani. Barabara yake ya kumfikia mwanawe ilikuwa salamu, basi.

Castory haya yote alikuwa anayajua. Nyumba yao na ya mama Valeria zimetenganishwa na migomba. Yeye na Isack walikaa dawati moja kuanzia darasa la kwanza. Sikio la kushoto la Isack lina pengo juu kwa sababu ya mbwa wa mzee mmoja anaitwa Stanislaus, siku walipokwenda kuiba mapera, na Castory aliponea kwa kuwa yeye ndiye aliyekuwa juu ya mti.

Aliniambia mwenyewe jinsi Bi Mwakeye alivyozaliwa. Alipomaliza kidato cha nne alikwenda Kasulu, akawa mshereheshaji wa harusi. Kazi yake ilikuwa kuwashika watu wasitoroke kati ya keki na chakula. Siku moja chakula kilichelewa, vichekesho vikamwishia, wageni wakaanza kugonga sahani. Mlangoni akamwona bibi mmoja akiingia, anasalimia mstari mzima wa viti. Castory akaazima kitenge cha dada mmoja wa kamati anayeitwa Herieth, akajifunga, akaanza kusalimia. Alipokosa pa kumalizia, akaigeukia keki. Akaipigia makofi, akaishika kiwiko, akaiuliza, "Na Isack mmemwona?"

"Ukumbi uliinuka," aliniambia. "Sikupanga. Lilikuwa mdomoni, nililisikia tangu nasoma. Bwana harusi alikuwa chini ya meza, anacheka. Nikasema, hii ndiyo."

Na ikawa kweli ndiyo. Harusi zikamgombania, halafu redio, halafu jukwaa la Dar, na baada ya yale mahafali yetu akachukuliwa kwenye filamu. *Wageni wa Bi Mwakeye* ilionyeshwa mpaka kwenye mabasi. Kuna mahali mwizi anakuja kuiba mbuzi, bibi anamsalimia, mwizi kwa adabu inambidi aitikie, anaulizwa mama yake, shangazi zake, mpaka mwisho anajikuta amemfunga mbuzi vizuri zaidi na ameshika jembe. Akitaka kuondoka: "Na Isack mmemwona?" Mwizi anajibu, "Yuko dukani, bibi, ananunua chumvi." Lile jibu nililopewa mimi ndilo hilo, likaingia kwenye filamu. Nchi nzima ikalishika. Mtu akichelewa kazini anaambiwa ametumwa chumvi.

Mama Valeria, mwanzoni, alifurahi; kicheko cha mahafali alikichukua kama utani wa majirani tu. Hii ndiyo sehemu ambayo Castory hawezi kuisikiliza ikisimuliwa, lakini ameniambia niiandike.

Alikuja nyumbani na unga, akamwambia mama yangu kwa fahari, "Castory ananisaidia kuuliza. Mimi nauliza hapa gulioni tu, yeye anauliza kwenye redio. Wameniambia anauliza mpaka Dar es Salaam."

Mama alimtazama baba. Baba akatazama unga.

Aliendelea hivyo, anangoja majibu ya Castory, mpaka kijana mmoja wa bodaboda alipomwonyesha ile video kwenye simu. Nilikuwepo, nimetumwa sabuni. Aliangalia mpaka mwisho, ameinamia kile kioo kidogo. Akamwona Castory na kitenge, akatabasamu, akaitikia kabisa: "Mwakeye!" Swali likaulizwa. Kicheko kikatoka kwenye simu, kirefu. Akangoja kiishe.

"Wanacheka nini?"

"Bibi, si unaona, ni wewe!" yule kijana alisema. Hakuwa na ubaya.

"Nimeona ni mimi. Nimeuliza wanacheka nini."

Kijana akarudisha simu mfukoni. Ndipo watoto wa pale karibu wakaanza kupiga makofi ya viganja na kuimba, "Na Isack mmemwonaaa?" na wengine wanaitikia, "Kaenda chumviii!" Ikawa kila gulio. Na watu wazima vile vile. Akimsalimia mnunuzi, mnunuzi anaanza kutabasamu kabla hajafika mwisho, anasubiri lile neno. Mama Valeria akalikatisha. Akaondoa swali la Isack, halafu akaondoa na mengine. Nilipomaliza darasa la saba, mama Valeria alikuwa anasema "Mwakeye" moja tu, anapima unga, ananyamaza. Kwa Waha hiyo ni sawa na kumfungia mtu mlango.

Castory alikuwa anakuja nyumbani mara chache, na gari. Mama Valeria alimpa naye hiyo moja. "Nikajiambia amezeeka, amechoka," aliniambia. "Lakini nilijua. Kila nikitoka pale nilikuwa naongeza mwendo wa gari."

Sasa, sekondari nilichaguliwa Kasulu, nikakaa kwa rafiki wa baba, mzee Hilali, mwenye duka la vitenge na mabuti. Watu wake wa asili ni wa Pangani, ndiyo maana walielewana na baba. Yeye hufunga duka mara kwa mara akapeleka mabuti na tochi kwenye machimbo ya dhahabu. Nilikuwa kidato cha pili Castory alipokuja mjini kuzindua filamu yake ya pili ya Bi Mwakeye. Jioni ya onyesho aliingia dukani kutafuta kitenge kipya. Mimi nilikuwa nakunja nguo.

"Karibu staa!" mzee Hilali alisema. "Leo duka langu limepata baraka. Chagua, chagua. Halafu nina kali moja ya kukupa, utaiweka kwenye filamu."

"Lete, mzee wangu."

"Wiki mbili zilizopita niko machimboni, nimetandaza mabuti. Tunapiga ile yako, mimi namuuliza kila mteja, 'Na Isack mmemwona?' Anakuja kijana, kajaa vumbi mpaka kwenye kope, anasema, 'Mzee, mimi ndiye Isack.' Tukacheka! Anasema, 'Kweli, mimi ni Isack wa Valeria wa Kumsenga. Ukipita kule nisalimie mama, mwambie nipo.' Yaani kakomaa, hata hacheki. Nikamwambia, 'Nitamwambia chumvi iko njiani!' Aisee, watu walilala chini. Yule bwana anajua kuigiza kuliko wewe!"

Castory alikuwa ameshika kitenge cha njano. Aliuliza polepole, "Sikio lake la kushoto?"

"Eh! Umejuaje? Limekatika hapa juu."

Castory akakaa juu ya mzigo wa vitenge. Mzee Hilali alicheka kidogo, akamtazama, akaacha.

"Kwani kuna Isack kweli?"

"Kuna."

"Na huyo mama Valeria…"

"Muuza unga pale gulioni."

"Lahaula." Mzee Hilali akavua kofia. "Wiki iliyopita nimenunua unga wake. Tena nilimwambia natoka machimboni. Akanisalimia neno moja, akapima, akanipa. Mbona hakuniuliza? Angeniuliza ningemwambia!"

Nilitaka kusema mimi, kwa kuwa nilikuwepo siku ya ile simu. Castory alisema kabla yangu.

"Haulizi tena. Nilimnyang'anya."

Usiku ule tulikwenda wote ukumbini. Palikuwa pamejaa mpaka madirishani. Castory alipanda jukwaani bila kitenge, amevaa suruali na shati alilokuja nalo dukani, na hapo hapo watu wakaanza kucheka, wakijua kuna kitu kinakuja.

"Jamani, Isack ni mtu," alisema.

Vicheko.

"Ni mtu kweli. Ana mama. Nilisoma naye. Nisikilizeni, yupo machimboni, kama kuna anayemjua…"

"Katumwa chumvi!" mtu akapaza sauti, na ukumbi ukalipuka.

Akainua mikono kuwatuliza. Wao wakadhani anaanzisha makofi ya Bi Mwakeye, wakaanza kuyapiga, ukumbi mzima, viganja vimepinda. Nilimwona anasema kitu kwenye kipaza sauti, midomo inakwenda, hakisikiki. Machozi yalipomtoka, kaka mmoja mbele yangu alimpiga mwenzake begani: "Cheki huyu! Analia kabisa! Huyu ndiye msanii bwana!" Castory alishuka. Walimshangilia mpaka alipotoka mlangoni, na wengine walimfuata nje kupiga naye picha.

Kesho yake alikwenda machimboni na mzee Hilali. Walimkosa. Wenzake Isack walisema utani ulimchosha, hakuweza kutaja jina lake bila watu kuangua kicheko, akaamua kujiita jina jingine, halafu akahama na kikundi cha watu wengine. Jina gani? Mmoja alisema Pasikali. Mwingine akasema hapana, ni Manirambona. Walimtambua Castory, wakamwomba afanye kidogo ile ya mbuzi.

Alirudi Kumsenga, akamweleza mama Valeria yote: harusi, keki, chumvi, mabuti ya mzee Hilali, na lile jina lililopotea. Alikuwa amepiga magoti kwenye uwanja wake. Baba yangu aliitwa awe shahidi, ndiye aliyetusimulia. Mama Valeria aliendelea kupepeta muhogo wake. Alipomaliza ungo mmoja alisema, "Kwa hiyo alisema nipo."

"Ndiyo, mama. Alisema, mwambie nipo."

"Hilo ndilo nilikuwa nauliza." Akachukua muhogo mwingine. Hakumwambia amesamehe, wala hakumfukuza.

Castory aliacha Bi Mwakeye. Filamu ya tatu aliikataa, watu wa Dar wakakasirika. Siku hizi anaigiza polisi na mababa wakali, na watu humtambua pia, ila sio kama zamani. Kila akipata likizo yuko Kumsenga. Siku ya gulio hubeba kapu la mama Valeria, huketi kwenye gunia karibu naye, na anamsalimia kila msafiri kwa salamu ndefu, bila sauti ya kuigiza, bila kitenge. Anauliza watoto, anauliza mvua. Akifika kwa Isack wanacheka. Kila mara. Wanatoa simu, wanamwomba arudie wakiwa wanarekodi. Anasema, "Sifanyi mchezo, ndugu yangu," nao wanazidi kucheka. Mama Valeria hupima unga, hasemi.

Likizo hii, niko kidato cha nne, nilikaa nao tangu asubuhi. Wanunuzi wa maharage walipomaliza kupiga picha na kuondoka, Castory alijifuta uso kwa kiganja, akanigeukia.

"Mtoto wa mwalimu. Uliniuliza swali siku ya mahafali."

"Unakumbuka?"

"Mama huyu alikuwa nyuma yako. Nilimwona. Amenyoosha shingo hivi, anangoja nitakachosema, alidhani nimemletea habari. Nikasema chumvi." Akasogeza kapu. "Baba yako anasema unaandika, kwamba makala zako zinabandikwa mpaka kwenye ubao wa shule."

"Kidogo."

"Mimi nikisema wanacheka. Mama akisema wanacheka. Wewe hujawahi kumchekesha mtu hata siku moja."

"Si kweli!"

"Kweli," alisema mama Valeria. Hiyo ilikuwa mara ya kwanza siku ile kumsikia. "Huyu mtoto hachekeshi kabisa." Akaacha kupima. Akaweka kopo lake chini, akaipigia hewa makofi mawili laini, kama anayejikumbusha. "Haya, mwana wanje. Muulize tena. Uandike anavyosema."

Nikamuuliza, kaka Castory, Isack ni nani?

"Isack ni mtoto wa Valeria, wa Kumsenga, Kibondo," alisema. "Ni mrefu kunizidi. Sikio la kushoto lina pengo juu, aling'atwa na mbwa, na mapera tuliiba wote. Anakula kwa mkono wa kushoto. Anapenda kuimba akifanya kazi, lakini hajui kuimba. Huenda anajiita Pasikali, huenda Manirambona, kwa sababu yangu. Hakuna mtu aliyemtuma chumvi. Mama yake yupo, anauza unga pale pale, na ujumbe wa Isack umemfikia. Ukikutana na mtu wa namna hiyo, na akakwambia jina lake ni Isack, usicheke."